Korosho Niliyoitupa Fungu la Pili

Mtoto wangu Somoe alikuwapo. Naanza na hilo kwa sababu hapa Kilangala ukiuliza utaambiwa vingine, na wewe usinikodolee macho, sikiliza kwanza. Alikuwa darasa la sita, mrefu kuliko mimi, mbishi, hapendi kusukwa nywele. Nilimzaa, nikamlea, nikamchapa, nikambembeleza. Sikuota, wala sikulewa uraka, mimi sinywi. Wallahi nasimulia nililoliona kwa macho haya, mchana kweupe, adhuhuri imeshaadhiniwa.

Ulikuwa msimu wa korosho. Nimekaa uani kwenye turubai nachambua, maana gari la kuzipeleka ghalani lilikuwa linakuja alasiri. Mtu asikudanganye kwamba kuchambua ni kazi ya wavivu. Unaipima korosho kwa kiganja, unasikia uzito wake, unatazama madoa: nzuri huku, mbovu kule. Na ile unayoitilia shaka? Huku kwetu hatujiulizi mara mbili, inakwenda fungu la pili. Mbovu zikionekana kwenye gunia la daraja la kwanza, gunia zima linarudishwa, na aibu unaibeba wewe. Mikono yangu ilishazoea hivyo. Kijiji kizima kilinisifu kwa kuchambua, na mimi nilipenda kusifiwa, sifichi.

Somoe alikuwa nyuma ya nyumba anaosha vyombo. Nilikuwa namsikia akiyagongagonga masufuria kwa hasira, kwa sababu nilimkatalia kwenda kwa shangazi yake kule Mitwero.

Akaja bibi mmoja, sijapata kumwona. Kavaa kaniki, kabeba kapu. Shikamoo, marahaba, nikamkaribisha kivulini, nikampa maji, hakuyanywa. Akasema anatafuta mwenye mikono ya kuchambua, yeye macho yamemchoka. Nikacheka. Nikamwambia, "Mimina hapa bibi, nakumalizia sasa hivi." Akamimina. Korosho kama za mtu yeyote, ila zilikuwa za baridi. Jua lile la Novemba, korosho za baridi!

"Hizi si za kula," akasema. "Hawa ni viumbe."

Sasa sikia alivyonieleza. Eti dunia si moja, ni nyingi, zimekaa kama mashamba yanayopakana, na kila mmoja wetu kapandwa katika yote. Wengi hawana shida. Lakini wapo wanaojipinga wenyewe, huwezi kusema wapo, huwezi kusema hawapo, na hao lazima wapangwe madaraja. La kwanza ni aliye kaburini kwenye mashamba mengine lakini yu hai katika moja; huyo anaachwa aishi. La pili ni aliyekufa kotekote, amebaki kichwani mwa mtu mmoja tu. La tatu ni aliyezaliwa kabla ya mama yake. "Hao ni wachache," akasema, "ukimshika utamjua."

Ungekuwa wewe ungefanyaje? Mimi nilisema moyoni, maskini, bibi wa watu kachanganyikiwa, wacha nimridhishe aende zake. Nikaanza. Nzito safi, fungu la kwanza. Nyepesi, la pili. Moja ilitetemeka kiganjani mwangu kama kifaranga, nikaiweka la tatu, na niamini, hapo ndipo nilipotakiwa kuinuka na kukimbia. Sikuinuka. Mikono ilikuwa imeshashika kasi, na yule bibi alikuwa ananisifia kila dakika.

Mwisho ikabaki moja. Upande mmoja inang'aa, nzito vizuri, upande mwingine ina doa jeusi. Nilipoishika, kule nyuma masufuria yakanyamaza. Nilisikia yakinyamaza, nikadhani mtoto kanuna. Mkono haukungoja. Ya shaka hiyo, nikaitupa fungu la pili.

Bibi akaniuliza taratibu, "Una hakika, mwanangu?"

Mimi na mdomo wangu! Nikamjibu, "Bibi, nachambua korosho tangu sijavunja ungo. Nikitupa nimetupa."

Akanitazama kwa huruma. Akakusanya mafungu yake, kila moja na mfuko wake, akashika njia ya mikoroshoni. Nikamwita Somoe aje tufunge magunia. Nikaita tena, nikaenda nyuma. Hapakuwa na vyombo. Hapakuwa na hata tone la maji, udongo mkavu, kana kwamba hakuna aliyeosha kitu pale tangu asubuhi. Nikakimbilia ndani: sare za shule hakuna, daftari hakuna, kitanda chake hakuna, pale pamepangwa magunia na yana vumbi la siku nyingi.

Nilipiga mayowe, watu wakajaa. Mume wangu alinishika mabega. Siku zote aliniita Mama Somoe. Siku hiyo akaniita Mama Hamisi, jina la mdogo wake Somoe. Akasema, "Mama Hamisi, yule mtoto tulimzika ana miezi mitatu. Wewe mwenyewe ulikuwapo akioshwa." Akanipeleka makaburini nikaonyeshwa kaburi dogo, limeota nyasi.

Miezi mitatu! Ni kweli akiwa na miezi mitatu aliugua homa, akakata pumzi mikononi mwangu njiani kwenda zahanati. Lakini alipumua tena! Nilimsikia akipiga chafya, akalia, nikalia naye. Doa lile jeusi lilikuwa siku ile. Wa fungu la kwanza alikuwa, wa kuachwa aishi, mimi mamake nikamtupa la pili kwa sababu ya mazoea.

Bibi yule hakuna aliyemwona akipita. Nimesomewa dua, nimepelekwa kwa mganga kule Kipatimu, nimepewa vidonge vya usingizi. Hamisi ananiogopa. Mimi korosho sishiki tena, mikono yangu naiona kama ya mtu mwingine.

Nawe unayenisikiliza, akikujia mtu na mafungu yake, akuombe umpangie nani abaki na nani aondoke, kataa. Mkosee adabu, mfukuze, hata akiwa na mvi hadi kwenye nyusi. Usiseme ni mchezo. Mwanangu nimempoteza mwaka juzi, na hakuna aliyekuja kukaa nami matanga. Pole zangu walishazitoa miaka kumi na minne iliyopita, na huko walikozitoa mimi sikuwapo.