Akina Thembo Waliosimama Mahakamani

Asubuhi ile ya mwaka 2014, Mzee Erifazi Thembo aliingia katika mahakama ya Kasese akiwa amevaa koti la harusi yake. Mfukoni alikuwa na barua aliyoisoma mara nyingi hata mikunjo yake ikaanza kuchanika. Barua hiyo ilimdai shilingi milioni kumi na moja, kodi ya malori ya mbao yaliyovuka mpaka kutoka Kongo. Erifazi hakuwahi kumiliki hata baiskeli ya kubebea mbao. Alikuwa na shamba la kahawa huko Bwera, alilolipanda pamoja na marehemu baba yake, na Ijumaa ya juma lile lingepigwa mnada.

Wakili wa serikali, Bwana Turyamureeba, alizungumza kwa upole.

"Barua inasema Thembo E., wa Bwera. Mzee, wewe unaitwa nani?"

"Thembo Erifazi, wa Bwera."

"Basi tunabishania nini?"

Watu wakacheka. Hakimu, Bi Amony, mzaliwa wa kaskazini aliyehamia Kasese mwezi uliotangulia, alikuwa amekwisha kushika kalamu aandike hukumu. Nyuma, Vasta, mke wa Erifazi, akakohoa, kikohozi kile kile alichomwamshia mumewe kanisani.

"Mheshimiwa," Erifazi akasema, "sisi Wakonzo hatuchagui jina hili. Mtoto wa kiume wa tano ni Thembo, apende asipende. Naomba akina Thembo waliomo humu wasimame."

Turyamureeba alipinga. Kalamu ikabaki hewani kitambo.

"Wasimame," akasema hakimu.

Hakuna aliyetikisika. Nani angependa kujitaja mbele ya deni linalotafuta mwenyewe? Ndipo benchi la mwisho likalia, akasimama mchuuzi wa samaki wa Kasenyi. Akafuata mwalimu mmoja, kisha wawili waliokuja kwa kesi ya mbuzi, mshtaki na mshtakiwa.

"Ambaye jina lake la ubatizo halianzi na E, aketi," hakimu akaagiza.

Akabaki mwalimu, Elia, naye wa Bwera. Hakimu akamgeukia askari wa mlangoni.

"Afande, wewe umesimama kwa zamu au kwa jina?"

"Kwa yote mawili, Mheshimiwa. Mimi Thembo Enoka, wa Bwera. Lakini mambo ya mbao sijui."

Hata hakimu akatabasamu. "Bwana wakili, mwenye malori ni yupi kati ya hawa?"

Turyamureeba akapekua jalada lake mbele na nyuma. Hamkuwa na sahihi wala jina la baba.

"Dai hili nalifuta," akasema Bi Amony. "Mkimpata mwenye mbao, mwandikieni yeye."

Nje, Erifazi alisimama akiitoa barua mfukoni. Vasta akamshika kola.

"Vua koti, baba, litaloa jasho. Ijumaa tuna kahawa ya kuchuma."