Moshi wa Jiko la Mwanarusi

Mchora ramani wa Msambweni alimdhulumu Mwanarusi macho yake: alimchorea jiko lenye dirisha upande wa kusi, na kwa miaka mitatu upepo ukaurudisha moshi wote ndani. Kila alipolalamikiwa, alichomoa penseli sikioni, akairamba ncha, akaandika tangazo la mzaha kwa lugha ya Bwana DC: “Moshi wote unaamriwa kuhama kabla ya adhuhuri.” Akalibandika dukani, watu wakacheka. Juzi alipokuja kunywa chai, Mwanarusi hakumtandikia mkeka barazani, alimtandikia jikoni. Mchora ramani akakohoa mpaka machozi yakamtoka. “Bi Mwanarusi, nipe nyundo!” Kufikia alasiri alikuwa ametoboa dirisha kwenye ukuta wa upande wa pili, moshi ukapata pa kutokea, na Mwanarusi akapika akiwa na macho makavu, alhamdulillahi. Lakini mchora ramani bado hajamwomba radhi, na radhi hiyo Mwanarusi anaitaka bila mzaha.