Siku Walipoacha Kunicheka Shinyanga

Siku yangu ya kwanza ya kazi ya kuchekesha sikujua kuwa ni kazi. Ilikuwa muda mfupi baada ya Vita Kuu ya Pili, katika kambi ya mgodi wa dhahabu upande wa Geita, nami nilikuwa msukuma vigari vya mawe. Tulikuwa tumepumzika, nikawa namwigiza nyapara wetu, anavyotembea kifua mbele huku akivuta suruali. Wenzangu wakanyamaza ghafla. Kugeuka, nikamkuta amesimama nyuma yangu.

"Endelea," akasema.

"Shikamoo, mzee."

"Nimesema endelea!"

Nikaendelea kuvuta suruali. Alicheka hadi akakaa chini. Jumapili ile alasiri akanisimamisha mbele ya kambi nzima, nikawaigiza wapishi, karani, na yeye mwenyewe.

Huko ndiko nilikojifunza kumeza. Ndivyo tulivyoita kule kunyamaza kidogo kabla ya neno la kuchekesha. Ukimeza haraka, neno linapita bila kusikika. Ukikawia, watu wanakuwahi.

Baada ya miaka michache vichekesho vyangu vilijulikana hadi Shinyanga, na Bwana Maendeleo wa huko, afisa aliyesimamia michezo ya kuigiza, alinichukua katika kundi lake. Akanipa nafasi ya mzee anayeletewa habari kwamba mwanawe amefukiwa mgodini.

"Bwana, mimi watu wakiniona tu wanacheka," nikamwambia.

"Waache wacheke. Wewe usicheke nao."

Ukumbi ulijaa. Nilipotokea na mkongojo, wakaangua kicheko. Mtu akapaza sauti, "Tuigizie nyapara!" Mwenzangu aliyeleta habari ya msiba hakusikika kabisa. Nilijua nikikunja uso kidogo tu ukumbi ungekuwa wangu, na mchezo ungekufa. Nikamkumbuka mzee mmoja wa Ushirombo aliyekuja kambini kwetu kuuchukua mwili wa mwanawe. Hakulia, aliuliza swali moja tu. Halikuwamo katika mchezo wetu, lakini nililiuliza.

"Alikuwa amekula?"

Kicheko kikafifia upande mmoja, kisha mwingine. Nikauliza tena, taratibu. Mama mmoja wa safu ya mbele akajifunika uso kwa khanga, akilia kwa Kisukuma, "Ng'wana wane," yaani mwanangu. Hakuna aliyecheka tena mpaka mwisho.

"Maneno yale hayamo," Bwana Maendeleo aliniambia nyuma ya pazia.

"Najua, bwana."

"Kuanzia kesho yamo."

Tangu hapo nimekuwa mtemi, mganga, hata mama mkwe, tukizunguka Tinde na vijiji vyake. Sura zile zote niliziazima kwa watu, nami nilijitahidi nisizichafue.

Nilipostaafu, mimi na mke wangu tukahamia Samuye kulima karanga. Mama Kulwa, aliyetangulia kuingia, alinipokea mlangoni akasema, "Haya, sasa nitajua niliolewa na nani." Mpaka leo hajaniambia kama amemjua. Ila kila asubuhi hunitazama nikitafuta kandambili zangu, akacheka peke yake, nami wala simwulizi kwa nini.