Bakuli la Mama Katika Gazeti la Vichekesho

Harufu ya wino uliochanganyika na mafuta ya taa inanikera mpaka leo. Ndivyo lilivyonuka gazeti la vichekesho ambalo mwalimu wetu pale Newala, enzi za Mwingereza zikielekea ukingoni, aliletewa na lori kutoka Masasi. Kiangazi kile tulilisubiri kuliko sikukuu. Lilikuwa na michoro ya makarani wenye vitambi, mahubiri ya kubeza na mashairi ya kuwaigiza wakubwa, na mwalimu alitusomea akiwa amekalia ukingo wa meza, nasi mbavu hatuna.

Nilitaka anipende. Alipouliza nani ana kichekesho cha kupeleka gazetini, nikanyoosha kidole, nikasimulia bakuli letu la nyumbani, lile lenye kiraka cha bati ubavuni. Maji kwetu yalifuatwa bondeni, akina mama wakishuka genge alfajiri na kurudi jua la utosini, kwa hiyo hakuna aliyemwaga tone. Maji yaliyooshewa mihogo yalinawiwa uso, kisha miguu, mwishowe yakapewa mpapai. Kila nyumba ilifanya hivyo. Mwalimu alicheka, akaandika.

Toleo lililofuata likaja na mchoro. Mwanamke mwenye ndonya, kile kipande cha mti ambacho mama zetu walivaa kwenye mdomo wa juu, anamwosha mtoto miguu ndani ya bakuli lenye kiraka, kisha maji hayohayo anayasongea ugali, na ndonya imegeuzwa kisahani cha kuonjea. Wamepindua mpangilio wote, uchafu ukatangulia chakula. Upuuzi mtupu! Darasa zima lilicheka. Nami nilicheka, tena kuwazidi wote, na hapo ndipo ninapojichukia.

Tukiwa bado tunacheka, mama akapiga hodi. Ilikuwa zamu yake kumletea mwalimu maji.

"Karibu, Mama Agnesi," mwalimu alisema, akachota kikombe kutoka mtungi aliouleta mama, akanywa chote.

Mama hakujua kusoma, lakini picha ilikuwa wazi mezani. Aliitazama, akaweka kidole kwenye kiraka.

"Bakuli langu wamelijuaje hawa?"

"Ni mzaha tu, mama."

Akanigeukia. Nikainama. Alivuta kanga akafunika mdomo wake wenye ndonya, akamimina maji yaliyobaki kwenye pipa la mwalimu, akabeba mtungi mtupu, akaondoka. Mzaha mzaha hutumbuka usaha.

Kesho yake nilikuta mabakuli mawili. Moja lilikuwa na maji safi, yangu peke yangu. "Nawa hayo, usije ukachekwa," alisema, naye akanawa ya mihogo. Nilimsihi, hakukubali. Alifanya hivyo miaka yote niliyoishi kwake, na hatukunawa tena bakuli moja hadi alipofariki.

Leo nina bomba jikoni. Hata hivyo huyakinga maji ya kuoshea mchele, nikanawia uso. Wajukuu wangu hukunja pua, wakacheka kweli kweli. Siwakemei. Mimi ndiye niliyeanza kucheka.