Kitabu Ambacho Sikukisoma

Siku yangu ya kwanza kazini nilikabidhiwa vitu vitatu: funguo za gari dogo la abiria saba, tai ya rangi ya divai, na karatasi ya njia. Karatasi ya njia ni ukurasa mmoja unaomwambia dereva aondoke saa ngapi, asimame wapi, na abiria wapewe dakika ngapi za kupiga picha. Ilikuwa mwanzoni mwa miaka ya elfu mbili. Ofisi ilikuwa mtaa wa Saint-Gilles, chini ya nyumba ya zamani iliyogawanywa vyumba, karibu na stesheni ya Gare du Midi. Nilikuwa nimeendesha malori ya shaba kwetu Katanga, kusini mwa Kongo, kisha teksi hapa Brussels. Shule niliiacha mwaka wa pili wa sekondari. Ndani ya kasri sikuwahi kukanyaga.

Mkurugenzi, Mbelgiji mfupi aliyependa kuongea akiwa amesimama, alinirekebisha tai yeye mwenyewe.

"Bon," akasema. "Kuendesha unajua. Kuongea utafundishwa. Kanuni yetu ni moja: ndani ya magari yangu mteja hasikii neno 'sijui'. Akiuliza, unajibu."

"Na kama sijui, patron?"

"Umeshalisema tayari."

Kazi hiyo iliitwa dereva-mwongozo, maana mtu mmoja alifanya yote mawili. Ziara zetu zilikuwa za binafsi: mume na mke, au familia moja, si basi zima la watu wasiojuana. Iliyopendwa zaidi ilikuwa ya siku tatu. Siku ya kwanza Ghent na Bruges, miji ya zama za kati yenye mifereji na minara ya kengele. Siku ya pili bonde la mto Meuse na makasri yake. Siku ya tatu Ardennes, ambako karatasi ilisema kuna "mandhari ya milima", kisha kurudi.

Aliyenifundisha alikuwa Mwongozo Mkuu, Papa Albert, Mbelgiji mzee aliyewahi kuwa mwalimu Likasi. Kiswahili chake kilikuwa chetu kabisa, na alipenda kukitumia mbele ya wateja ili wasielewe.

"Weye unaendesha muzuri," aliniambia siku ile ya kwanza, "lakini unanyamaza kama muntu wa kwenye matanga. Ongea! Hata ng'ombe ukiona, sema iko ng'ombe."

Alinifundisha kwamba nchi hii ina mpaka wa lugha, na mji hubadilisha jina ukiuvuka. Unafuata kibao cha Namen, baada ya kilomita chache kinatoweka, unaanza kufuata Namur, na ni mji uleule. Alinifundisha kusimamisha gari upande wa kivuli, ili jua limwangukie anayepigwa picha na si mpiga picha. Na alinifundisha hadithi ya dirisha.

Katika bonde dogo kabla ya Ardennes kuna kasri ambalo sitalitaja, kwa sababu wenyewe bado wanaishi humo. Pembeni lina mnara mwembamba wenye dirisha moja. Papa Albert alisimama chini yake, akashusha sauti. Alisema bibi wa kasri lile alikaa kwenye dirisha hilo miaka kumi na mmoja akimngoja mumewe aliyekwenda vitani nchi za mbali. Kila jioni aliwasha taa. Mume aliporudi alikuwa kipofu, hakuiona taa, ila alisikia mkewe akimwita. Wateja wawili, watu wazima kabisa, walifuta machozi. Nami niliiamini. Niliishika kwa moyo wiki ile ile.

Nyumbani Etterbeek nilimsimulia mke wangu, Vero, kila nilichokiona. Alikuwa akifanya usafi katika ofisi, akirudi amechoka, lakini maswali hayakumwisha. Taa ilikuwa ya mafuta gani? Miaka kumi na mmoja, nani alilima mashamba? Kuhusu milima hatukupatana kamwe. Yeye alizaliwa Kalemie, na milima anaijua.

"Umenionyesha photo," alisema. "Ile si mulima. Ni matuta ya mihogo."

"Siku moja nitakupeleka ujionee."

"Nipeleke. Nitabeba na jembe."

Sikumpeleka. Siku zangu za mapumziko sikutaka kuona usukani.

Katika mwaka wangu wa tatu nilipewa wateja wa kwetu, jambo la nadra. Papa Kasongo alikuwa msimamizi wa waashi Lubumbashi, na baadaye mwashi hapa Brussels, na alikuwa ameanza tu kustaafu. Ziara ilikuwa zawadi ya watoto wao. Mkewe, Maman Georgette, alikuwa muuguzi, mwenye kicheko kilichotangulia maneno yake. Tulikuwa na siku mbili nzuri sana. Papa Kasongo aligusa kila ukuta. Bruges alikaa mbele ya daraja moja mpaka mkewe akamwambia alioe.

Tulipofika chini ya mnara nikasimulia hadithi ya dirisha. Maman Georgette alishika kifua. Papa Kasongo alikuwa ameinama karibu na ukuta.

"Papa chauffeur," akasema, "ile bibi alikuwa hapa siku gani?"

"Zamani sana, papa. Zaidi ya miaka mia saba."

"Haiwezekane. Angalia ile mistari kwenye jiwe. Iko sawasawa yote. Ile ni musumeno ya machine. Mukono ya muntu haikate vile. Huyu mnara ni mutoto."

Niliinama nikatazama. Mistari ilikuwepo. Sikuelewa maana yake, na hapo nilipaswa kusema neno ambalo Mkurugenzi alilikataza. Badala yake niliona aibu mbele ya watu wa kwetu, nikajibu: "Papa, iko kwa kitabu. Nilisoma miye mwenyewe."

Sikuwa nimesoma kitabu chochote. Maman Georgette akapiga makofi. "Umesikia? Iko kwa kitabu! Weye na mawe yako!" Papa Kasongo alinitazama kidogo, akasema, "Alors, kama iko kwa kitabu," akaingia garini. Mpaka Brussels mkewe alimchokoza. Mimi niliendesha nikitazama barabara.

Miaka ikapita. Papa Albert akastaafu. Kisha Vero akaugua, na baada ya miezi minne akafariki. Ndugu walikaa nyumbani wiki nzima, wakapika, wakaimba, wakaondoka, na nyumba ikabaki na sauti ya friji. Niliporudi kazini Mkurugenzi aliniweka kwenye safari za uwanja wa ndege, kuchukua watu na kuwashusha. Alisema kwa upole kwamba mtu asiyeongea hawezi kuuza makasri. Alikuwa sahihi.

Siku moja ya mapumziko nilichukua gari langu nikaenda peke yangu kwenye kilima kirefu kuliko vyote nchini. Ni uwanda wa nyasi na ukungu. Kwa kuwa kilikuwa hakifiki mita mia saba, watu walirundika udongo juu yake na kujenga ngazi ili kizifike. Nilipanda ngazi hizo, nikasimama juu, nikacheka peke yangu. Tuta la mihogo, kweli. Hakuwepo wa kumwambia kwamba ameshinda.

Wakati wa kurudi nilisimama kwenye kasri lile. Sikuwa na tai wala wateja, kwa hiyo nilikuwa huru kuuliza. Mlinda lango, mwanamke wa makamo, alinisikiliza hadithi nzima ya dirisha akitabasamu, kisha akanipeleka kwenye chumba chake cha langoni. Ukutani palikuwa na picha kuukuu ya kasri. Mnara haukuwepo. Nikaitazama tena. Haukuwepo.

"Babu wa mwenye kasri wa sasa ndiye aliyeujenga," alisema. "Alitajirika kwa sukari, akataka mnara kama wa majirani. Ndani hamna hata ngazi. Hakuna aliyewahi kukaa dirishani pale."

Nilimrudia Mkurugenzi nikamwambia nikirejeshwa kwenye ziara sitaisimulia tena hadithi ile.

"Mnara ni mzuri au si mzuri?" akauliza.

"Ni mzuri, patron."

"Basi isimulie."

"Nitasema ulijengwa na mtu wa sukari."

"Hakuna anayelia kwa ajili ya sukari." Alinizunguka akiwaza. Mwishowe akanirejesha, kwa sharti kwamba lalamiko la kwanza litakuwa la mwisho. Ajabu ni kwamba wateja waliupenda ukweli. Waliuliza mengi kuhusu tajiri yule kuliko walivyowahi kuuliza kuhusu bibi.

Kisha ikaja barua ya Maman Georgette. Alitaka ziara ya siku moja, bonde la Meuse tu, na alitaka dereva yuleyule. Papa Kasongo alikuwa amefariki mwaka uliotangulia. Mkurugenzi aliisoma barua mara mbili akiwa amesimama.

"Ameandika kwamba anakwenda kwa ajili ya dirisha. Huyu ni mjane. Safari hii hutasema sukari. Écoute, si kwa ajili yangu. Kwa ajili yake."

Usiku wa kuamkia ziara sikulala vizuri. Nilijua mjane anasafiri na nini, kwa sababu nami nilikuwa na changu: tuta la mihogo la Vero. Kumwondolea lile dirisha kulikuwa ukatili. Kumwachia kulikuwa kumdanganya mara ya pili, safari hii nikijua.

Asubuhi alikaa mbele, kando yangu, kwa nguo nyeusi na viatu vya kutembelea. Alikuwa amezeeka, lakini kicheko kilikuwepo bado. Alinisimulia kwamba hadithi ya dirisha ilikuwa imekuwa mchezo wao wa nyumbani. Kila papa alipobisha jambo, bei ya samaki au habari za redio, yeye alimwuliza, "Iko kwa kitabu?" na papa alinyamaza.

"Hata hospitali," alisema. "Alinionyesha ukuta, eti wameupiga lipu mubaya. Nikamuuliza, iko kwa kitabu? Akacheka mpaka akakohoa."

Chini ya mnara alinishika mkono. "Haya, papa chauffeur. Sema kama siku ile."

Nilifungua kinywa, lakini hadithi ya bibi wa kasri haikutoka.

"Maman Georgette, papa alikuwa na haki. Mnara ni wa juzi. Mawe yalikatwa kwa machine. Nimeona picha ya kasri bila mnara."

"Na kitabu?"

"Hakukuwa na kitabu. Niliona aibu, nikadanganya."

Aliuachia mkono wangu. Alikwenda ukutani, akapitisha kidole juu ya mistari ile, mmoja baada ya mwingine, kama anayetafuta mshipa wa mgonjwa. Niliacha dakika za picha zipite.

"Miaka nane," alisema bila kugeuka. "Miaka nane mi namucheka mu nyumba yake, mbele ya watoto yake. Na alikuwa anajua."

"Nisamehe, maman."

"Haina miye wa kusamehe. Twende. Lakini usinipeleke nyumbani. Kwanza makaburini. Utamwambia weye."

Tukaacha makasri mawili yaliyokuwa kwenye karatasi. Makaburini alitangulia, nami nikamfuata nikifunga koti. Mbele ya jiwe lenye jina la Papa Kasongo nilisimama kama siku ya kwanza mbele ya Mkurugenzi.

"Papa Kasongo," nikasema, "kitabu hakikuwepo."

"Nguvu kidogo," Maman Georgette akasema. "Sikio la kushoto lilikuwa halisikie."

Nikarudia kwa sauti. Nikasema mistari ilikuwa ya msumeno wa machine, kama alivyoona, na kwamba niliona aibu. Mtu aliyekuwa akimwagilia maua kwenye kaburi la tatu kutoka hapo aligeuka kutuangalia. Nilipomaliza Maman Georgette aliitikia kwa kichwa. "Bon. Sasa toka. Na miye niko na yangu ya kumwambia." Nikamsubiri garini muda mrefu.

Kwenye karatasi ya maoni, ambayo kila mteja hujaza mwisho wa ziara, aliandika mstari mmoja: dereva alisema kweli, angeisema mapema. Mkurugenzi aliisoma, akaitia kwenye droo, hakuniita. Nilifanya kazi misimu miwili zaidi, kisha nikarudisha funguo.

Vijana wanaoingia kazi hii huniuliza wafanye nini mteja akiwauliza wasichokijua. Nawaambia waseme hawajui, kisha jioni waende kutafuta, kwa sababu kutafuta ndiko raha ya kazi yenyewe. Mimi nililijua hilo na bado, siku moja, kwa ajili ya aibu ya nusu dakika, nilimnyang'anya mwashi heshima ya macho yake. Maman Georgette hakuniambia kwamba mumewe amenisamehe. Hakuweza kumsemea, na mimi sikumwomba.