Niliongeza Gemu Moja kwa Ajili ya Mwalimu Kibii

Mashine ile niliiona ikichomwa, mbele ya gwaride, shule nzima ikishuhudia.

Sasa mnieleze, ilikuwaje nikaisikia ikiongea mtaani Rhonda, mchana peupe, ndani ya kibanda cha mabati?

Na haikuwa kelele tu. Iliongea kwa sauti ya mtu ninayemjua.

"Panda twende, boss! Rhonda, Kaptembwo, shikilia!"

Nyanya alikuwa amenituma dania. Nilisimama barabarani na dania yangu mkononi, kama mtu aliyevaa suti ya harusi akakuta ni matanga.

Ile ilikuwa sauti ya Mayur.

Naitwa Kipkemoi. Niko kidato cha tatu katika shule ya bweni ambayo sitaitaja, ila iko huko juu njia ya Olenguruone, mahali ambapo ukungu huingia darasani bila kubisha hodi.

Mayur ni rafiki yangu tangu darasa la nne. Yeye alibaki shule ya kutwa hapa Nakuru. Mimi nilipelekwa bweni ili nitulie. Bado natafuta utulivu huo.

Mjomba wake alimletea kutoka Uingereza mashine ndogo ya gemu. Ni mfano wa zile za zamani, walizocheza wazazi wetu wakiwa bado na nywele, ila hii imepunguzwa ikawa saizi ya kipande cha sabuni. Unaichomeka kwa TV, basi. Gemu zake zinakuja zimefungiwa ndani, na hakuna tundu la kuongeza hata moja.

Waliotengeneza walidhani wamemaliza kazi. Hawakuwa wamekutana na sisi.

Mayur alichimba mtandaoni mpaka akajua siri. Unaiunga kwa kompyuta kwa waya. Unafinya kitufe cha kuanza upya huku ukiiwasha. Kuna programu ya bure inayoifungua tumbo, na hapo unaingiza gemu yoyote, unaipa jina na picha ya jalada. Ukirudi kwa TV unaikuta imepanga foleni na zile zingine kama ndugu wa damu.

Tuliongeza za mpira. Tukaongeza za ngumi.

Kisha tukatengeneza yetu.

Ilitula likizo mbili. Ilikuwa ya nduthi, pikipiki ya abiria, inayotoka mjini hadi Kaptembwo ikikwepa mashimo, ng'ombe, na mama mmoja mkali mwenye ndoo. Mimi nilichora. Mayur aliandika maagizo ya kompyuta, na yeye ndiye aliyerekodi sauti ya mwenye nduthi. Wakati huo alikuwa na sauti nyembamba kama filimbi. Haikukaa sana, ikavunjika. Siku hizi anaongea kama jenereta.

Tulitumia kompyuta ya dadangu Chesang. Alipoenda chuo, aliifuta yote akaanza upya. Gemu yetu ikabaki mahali pamoja tu duniani: ndani ya ile mashine.

Muhula uliopita Mayur akaniazima niende nayo shule.

"Bro, usiipoteze."

"Kwani mimi ni mtoto?"

Niliificha ndani ya pakiti ya sabuni, nikaona hakuna binadamu mwenye akili kunishinda.

Kumbe yuko. Anaitwa Mwalimu Kibii, naibu wa mwalimu mkuu. Sisi humwita Depu.

Siku ya ukaguzi alifungua sanduku langu, akatoa ile pakiti, akainusa.

"Kijana, niangalie machoni."

Nikamwangalia.

"Sabuni yako huoga kwa umeme?"

Bweni lote lilicheka. Mimi pia nilicheka kidogo, kwa adabu.

Asubuhi ya gwaride aliwasha moto kwenye pipa. Simu zikaingia, kila moja ndani ya bahasha yake ya kaki. Redio ya Kipketer, jirani yangu wa kitanda, ikaingia vilevile. Mwisho akainua bahasha kubwa ya kaki yenye jina langu, akaitumbukiza, akamwagia mafuta ya taa.

"Kinachoingia lango hili bila ruhusa yangu," akatangaza, "kinatoka kama moshi!"

Moshi ukatoka. Mweusi tii. Nililia ndani kwa ndani, kiume.

Shule ilipofungwa nilienda moja kwa moja kwa kina Mayur. Bahati yangu mbaya, shangazi alikuwa amenipokea stendi na raba mpya, na nilikuwa nimezivaa.

"Imechomwa," nilimwambia.

Mayur akaangalia miguu yangu.

"Na hizo?"

"Shangazi alininunulia."

"Shangazi."

"Haki ya Mungu, Mayur."

"Mashine yangu imeungua ikazaa viatu," akasema, akafunga geti.

Kutoka hapo, jumbe zangu zilisomwa lakini hazikujibiwa. Vijana wa mtaa wakawa wanasema niliiuza. Ukitaka kujua uchungu, ambiwa mwizi na mtu aliyewahi kukugawia chapati yake.

Sasa mnaelewa kwa nini nilisimama barabarani na dania.

Niliinama nikaingia kibandani. Watoto walikuwa wamebanana kwenye benchi, mmoja anaendesha nduthi yetu na kugonga kila ng'ombe. Chini ya TV ilikuwa imekaa mashine, nzima, safi, haina hata harufu ya moshi.

Mwenye kibanda aliitwa Sitati, jamaa mkubwa mwenye fulana ya timu ya Gor.

"Boss, hii mashine ni kali. Ulitoa wapi?" nikamuuliza.

"Ni ya shemeji. Ameoa dadangu. Ni mwalimu mkubwa huko juu, huniletea vitu."

"Vitu gani?"

Akaonyesha rafu kwa kidevu. Simu zilikuwa zimepangwa pale zikingoja wanunuzi. Kando yazo ilikaa redio ya Kipketer, antena yake bado imefungwa kwa plasta ya jeraha. Kumbe pipani ziliungua bahasha tu.

"Na shemeji ni mwalimu nani?"

"Kibii. Unamjua?"

"Nimesikia sifa zake."

Ndugu msomaji, hapo ningeweza kumpigia Mayur simu palepale, akasikia sauti yake mwenyewe, mambo yakaisha na dania ikafika nyumbani ikiwa mbichi.

Lakini moyo wangu haukutaka haki. Ulimtaka Depu.

"Shida ni moja," Sitati alisema. "Wateja wamezoea gemu hizi. Wanataka mpya, na hii kitu haina pa kuweka."

"Mimi huongeza."

"Wewe? Unaongezea wapi?"

"Nitakuja na kompyuta. Ama uniachie niende nayo nyumbani siku moja—"

"Aaa, mdogo wangu. Haitoki hapa. Unaniona mjinga?"

"Sawa. Nitafanyia hapahapa."

Nilirudi kwa nyanya, nikajifungia chumbani na kompyuta ya Chesang, aliyekuwa amerudi likizo. Nilitoka kula na kuoga tu, na kuoga si kila mara. Nilikuwa natengeneza gemu kwa hasira, na niwaambie ukweli, hasira ni mwalimu mzuri wa kompyuta.

Jina lake lilikuwa "Depu".

Mchezaji ndiye Mwalimu Kibii. Nilimchora na tumbo lake na tai yake fupi inayoishia kitovuni. Anaingia mabwenini anakusanya simu na redio huku wanafunzi wakimtupia malapa. Akijaza gunia, anawasha pipa. Moshi ukipanda, unafinya kitufe, na mzigo unapita chini kwa chini hadi kwenye buti la gari. Ukifika Rhonda, kwenye kibanda cha mabati, umeshinda.

Kisha nikaweka sauti.

Hapa naomba nijisifu. Hakuna anayeiga Depu kunishinda. Kuna jioni niliongea dirishani kwa sauti yake, darasa zima likafunga vitabu likaenda kulala. Nilirekodi maneno tisa. "Kijana, niangalie machoni" lilikuwa la kwanza. La mwisho lilikuwa, "Shemeji, fungua, mzigo umefika!"

Siku ya kuiingiza, Sitati alisimama nyuma yangu kama mlinzi wa benki. Nikaunga waya, nikafinya, nikawasha. Tumbo likafunguka.

Programu ikaniambia nafasi haitoshi.

"Ya mpira usiguse," Sitati akasema. "Ya ngumi usiguse. Hizo ndizo unga wangu."

"Na hizi zingine?"

"Zilizokuja nazo, wazee huja kucheza. Toa hiyo ya pikipiki. Ni watoto tu, na wanalipa kwa kulialia."

Ningeweza kupunguza maneno ya Depu. Mawili tu yangetosha kumjeruhi. Lakini kila nililotaka kuondoa nililisikiliza tena, nikacheka, nikaliacha.

Ningeweza pia kuinakili ile ya nduthi kwenye kompyuta kwanza. Lakini wateja walikuwa wanagonga bati, na Sitati alikuwa anapumua kwenye shingo yangu.

Programu ikauliza kama nina uhakika.

Nikafinya ndiyo.

Nikamtumia Mayur ujumbe: "Kuja Rhonda Jumamosi mchana. Mashine yako iko hapa. Depu hakuichoma, aliiba. Nikikudanganya usiniongeleshe tena maisha yako yote."

Akajibu: "Sawa."

Neno moja, lakini nililisoma kama barua.

Nilichagua Jumamosi kwa sababu Sitati alikuwa ameniambia ndiyo siku shemeji hupitia. Nikamwalika Kipketer pia, na wenzetu wengine wa shule wanaokaa mjini. Wakalipa wakaingia, Sitati akafurahi kama mwenye hoteli siku ya mvua.

Gemu ikaanza. Depu mdogo akaingia bwenini, malapa yakaruka.

"Kijana, niangalie machoni!" TV ikapaaza.

Kibanda kilitetemeka kwa kicheko. Watu walipokezana rimoti ya gemu, kila mmoja akitaka kuwa Depu, kila mmoja akitaka kupakia buti.

Mlango ukawa giza.

Alikuwa amesimama pale na kofia ya jua na ndara, tumbo mbele, gazeti kwapani. Mwalimu Kibii mwenyewe.

"Kinachoingia lango hili bila ruhusa yangu," TV ikamwambia, "kinatoka kama moshi!"

Kicheko kilikatika. Tuligeuka wote.

"Karibu, shemeji!" Sitati aliita kwa furaha. "Hebu ona gemu mpya. Huyu mtu anafanana na wewe, we acha tu!"

Depu aliiangalia TV, akatuangalia sisi. Angesema nini? Akisema ni yeye, amekiri. Akisema si yeye, mbona anatokwa na jasho?

Kipketer akainuka polepole, akashusha redio kutoka kwenye rafu. Akaishika kwa mikono miwili, kama anayepokea zawadi siku ya wazazi.

"Mwalimu, shikamoo. Hii si ilitoka kama moshi?"

"Shemeji," Depu akanong'ona, "zima."

"Lakini ndiyo wanapenda!"

"Sitati, zima!"

"Shemeji, fungua, mzigo umefika!" TV ikamalizia.

Mtu mmoja alianguka kutoka kwenye benchi. Depu alipita katikati yetu, akang'oa nyaya kwa mikono yake mwenyewe, akaniwekea mashine kifuani.

"Chukua. Chukua uende."

"Asante, mwalimu."

"Likizo njema," akasema, akitazama raba zangu. Kisha akaondoka upesi, ndara zikipiga makofi.

Wenzangu walinibeba juu. Kichwa changu kiligonga bati na sikusikia uchungu. Nilishushwa nikamwona Mayur, amesimama pembeni mwa mlango. Alikuwa amefika mapema, ameona yote.

Nilimpa mashine kwa heshima.

"Umeona? Si nilikuambia? Umemwona?"

"Nimemwona," akasema kwa sauti yake ya jenereta. Alikuwa anatabasamu. "Bro, umemmaliza."

"Nimemzika."

"Hebu tuwashe."

Akairudisha kwa TV mwenyewe. Menyu ikatokea. Akapita za mpira. Akapita za ngumi. Akapita Depu. Akafika mwisho, akarudi mwanzo, akafika mwisho tena.

"Ya nduthi iko wapi?"

Nikakohoa.

"Nafasi ilijaa."

"Ukaifuta?"

"Tutatengeneza nyingine. Tena kali zaidi."

"Uliinakili kwanza?"

Nikaangalia raba zangu.

"Na sauti?"

"Utarekodi te—" Nikasikia nilichokuwa naenda kusema.

Mayur aliweka rimoti chini.

"Depu ana maneno mangapi humu ndani?"

"Tisa."

"Tisa." Akatikisa kichwa. "Kulikuwa na nafasi ya mmoja, mimi au yeye, ukamweka yeye."

"Lakini Mayur, sasa si unaniamini? Umeona sikuiuza!"

Akaanza kukunja nyaya taratibu.

"Nilikuamini siku ile uliandika iko hapa. Nisingekuamini nisingekuja." Akatia mashine kwenye begi. "Leo nilikuja kusikia gemu yetu."

Akainama, akatoka. Kipketer aliniuliza mbona rafiki yangu hafurahi. Nikamwambia ni jua.

Shule ilipofunguliwa, Depu hakugusa sanduku langu. Akifika kitandani kwangu anaruka kama anayeruka dimbwi. Tukikutana ananiuliza, "Kipkemoi, nyumbani hawajambo?" Mapipa hayawashwi tena. Wadogo wa kidato cha kwanza hunionyesha kwa vidole.

Mayur hujibu jumbe zangu siku hizi. Huandika "Sawa."

Basi wapendwa, naomba tusimame kwa ajili ya funzo.

Sitawaambia msilipize kisasi. Mimi si mchungaji. Depu alistahili, na kesho akirudia nitarudia, tena kwa maneno kumi na mawili. Ninachosema ni kimoja: programu ikikuuliza kama una uhakika, usijibu ukiwa unacheka. Soma kwanza jina la unachofuta.