Sauti ya Salum Kwenye Arobaini

Tangu juma lililopita sipiti tena Mtaa wa Swahili, kwa aibu. Kuna Mwingereza aliyeniajiri kufuatilia sauti. Mashine yake hunasa maneno ya watu kutoka maisha mengine, yale ambayo hapa kwetu hayakutokea.

Salum, kuli wa bandarini, aliangukiwa na robota la katani, akafa. Alikuwa na pengo, na kila "s" yake ilipiga mluzi. Niliufuata mluzi huo mpaka nikamnasa huko kwingine, mzima kabisa. Nilisikia "Asalaam aleikum" tu, nikazima kwa furaha. Hodari mimi! Nikaibeba mashine hadi kwenye arobaini yake, hapo Mtaa wa Swahili, nikamwambia mama yake, Bi Mwanaidi, mbele ya watu wote: "Mama, nimeisikiliza sauti yake yote. Mwanao anakusalimu."

Nikafungulia.

"Asalaam aleikum," Salum akasema kwa mluzi wake. "Ahsanteni kwa kuja. Leo ni arobaini ya mama yangu."

Macho yote yakanigeukia. Nikakimbilia swichi.

"Usizime, muongo wee," Bi Mwanaidi akasema taratibu. "Kumbe kufa tumepeana zamu: hapa yeye, huko mimi."